Namba za Chiriku

2 Februari

Mdogo wangu Chiriku,

Marahaba. Najua hujaniamkia, lakini naitikia mapema ili tuokoe muda. Natumaini shemeji na wapwa zangu hawajambo, na kwamba hiyo wodi ya wazazi bado haijakumaliza. Mimi mzima. Duka lipo, paa linavuja palepale.

Kaa chini kwanza, barua hii ni ndefu. Wiki mbili zilizopita aliingia dukani mwalimu wa fizikia wa chuo, mtu mwembamba mpole, kaleta saa ya mkononi iliyoingia maji. Wakati anasubiri akaziona daftari za baba kwenye rafu, akaomba kufungua moja. Saa yake niliimaliza kwa nusu saa. Yeye aliondoka jioni, na kesho yake akarudi. Hakucheka hata mara moja. Anataka tarehe sita Juni nisimame mbele ya walimu wenzake niwaeleze nadharia ya baba, mradi nije na vipimo vipya.

Nakukumbusha, maana wewe na mambo yako hukumbuki hata siku yako ya kuzaliwa. Baba alishika kwamba wakati hauendi, unatetema. Saa ya ukutani ikitangulia sekunde tatu leo na ikachelewa mbili kesho, fundi wa kawaida atasema ni mbovu. Baba alisema haina kosa. Imetikiswa na wakati wenyewe, kama uzi wa gitaa unavyotikisika ukipiga ule wa jirani yake. Aliona mawimbi mawili, moja la siku tatu na jingine la siku tano, na kila siku ya kumi na tano yanakutana na kupiga sauti moja. Siku hiyo aliiita mapatano. Na ushahidi wake ulikuwa saa mbili, zilizotengenezwa benchi moja, kwenye vyumba viwili, na wasomaji wawili wasiochunguliana. Saa moja ikiyumba peke yake, ni ubovu. Mbili zikiyumba pamoja, siku ileile, kwa sekunde zilezile, hapo si saa tena.

Miaka sita wewe ulisoma ile ya chumba cha nyuma na baba akasoma ya dukani, zikalingana karibu kila siku. Ukaenda kusomea unesi, nikaitwa mimi. Niliacha kazi ya kupima ardhi nikaja. Miaka kumi na moja nikasoma mimi, hazikulingana hata wiki moja nzima. Unajua alivyosema: macho ninayo, ila mkono wangu hauna utulivu, na namba humkimbia mtu wa namna hiyo. Sikubishana naye. Namba zilikuwa pale mezani.

Baba alipofariki wewe ulichukua saa ya chumba cha nyuma. Itundike, tafadhali. Kila asubuhi redio ikipiga mlio wa saa moja, tazama saa yako imetangulia au imechelewa sekunde ngapi, uandike. Mimi nitafanya hivyohivyo huku. Mwisho wa mwezi kila mmoja anapeleka orodha yake posta siku hiyohiyo, kabla hajaona ya mwenzake. Hiyo ndiyo sheria pekee. Nitakuwa mkweli kwako, Chiriku: naitaka nadharia ya baba isimame, lakini zaidi ya hapo nataka kujua kama kweli sina mkono.

Kaka yako,
Fundi

---

11 Februari

Kaka yangu,

Shikamoo, ingawa umeshaitikia. Sisi wazima. Shemeji yako anakusalimu, na wapwa zako wanauliza mjomba atakuja lini na kile kioo chake cha kubana jichoni.

Barua yako nimeisoma mara mbili, mara ya pili nikiwa wodini huku nasubiri mama mmoja aliyekuwa ananitukana kwa kila uchungu. Kaka, huwezi kuziacha daftari zikae rafuni? Baba ameshapumzika, nawe una duka zuri na watu wanakuheshimu. Huyo mwalimu leo kavutiwa, kesho atavutiwa na kitu kingine, na wewe ndiye utakayebaki umesimama mbele ya watu. Nakuambia hivi kwa kukupenda.

Halafu nieleze jambo moja. Kama wakati unatikisa saa zetu, redio yenyewe haitikisiki? Na nimeangalia ile kalenda ya mapatano uliyoiweka ndani ya bahasha. Juzi ilikuwa siku kubwa, mawimbi yamekutana. Wodini kwetu alizaliwa mtoto mmoja tu, na mama yake alikuja kwa miguu na kuondoka kwa miguu.

Saa ipo kabatini, imefungwa kwenye shuka. Nitaitundika. Usije kusema sikukuonya.

Mdogo wako,
Chiriku

---

10 Machi

Chiriku wangu,

Sijui nianzie wapi. Orodha yako ya Februari imefika leo. Nilifunga mlango wa duka, nikaiweka kando ya yangu kwenye benchi, nikaweka rula chini ya mstari wa kwanza. Yangu inasema imetangulia mbili, yako mbili. Nikashusha rula. Yangu imechelewa moja, yako moja. Siku kumi na tano kati ya kumi na saba zinalingana, na hizo mbili zilizobaki zimepishana kwa sekunde moja moja. Mteja aligonga mlango mpaka akachoka akaenda zake.

Nitasema lililo moyoni na ukitaka kucheka cheka. Nililia. Si kwa ajili ya baba. Nililia kwa sababu nilisoma mimi, kwa mkono huuhuu. Miaka yote hiyo labda nilikuwa kijana mwenye haraka, au nilikuwa na kinyongo na baba kwa kuniita nyumbani, na kinyongo kilinitikisa. Sasa nimekua na kimeondoka. Nimejitazama mikono kama mtu aliyepona.

Kuhusu redio: ndani ya mitambo yao kuna kijiwe kinachotikiswa mara maelfu kwa sekunde. Mtu anayetetemeka kwa baridi hahisi gari likipita barabarani. Umejibiwa. Na huyo mama aliyekuja kwa miguu usimtumie dhidi ya sayansi.

Kaka yako,
Fundi

---

31 Machi

Kaka,

Shikamoo. Orodha ya Machi hii hapa. Nimesoma kila siku kama ulivyoagiza. Mpwa wako mdogo ana kikohozi lakini anaendelea vizuri.

Nimefurahi ulivyofurahi. Ila usilifanye jambo hili kubwa sana, kaka. Ungeweza kufurahia mkono wako tu ukaishia hapo. Mweleze mwalimu kwamba duka lina kazi nyingi.

Chiriku

---

12 Aprili

Mdogo wangu,

Niishie hapo? Kaa mkao wa kusikia.

Tarehe 19 Machi mvua ilivunja rekodi na paa likavuja juu ya saa yenyewe. Niliikimbilia nikaisogeza ukuta wa pili, nikaipangusa na kuitundika upya. Katika vurugu hiyo ikachelewa sekunde tisa. Niliandika tisa, kwa uchungu, nikijua nimeharibu siku ile. Jana nikafungua orodha yako. Tarehe 19 Machi: imechelewa nane.

Nane, Chiriku, siku ileile. Huko kwenu hakuna mvua wala hujui lolote. Nimeshindwa kulala kitandani nikijiuliza swali ambalo hata baba hakulifikia: je, maji ndiyo yaliyochelewesha saa yangu, au wakati ulitetemeka kwa nguvu siku ile na mtetemo huo ndio uliolegeza bati likavuja? Maana paa nalo ni kitu, nalo limo ndani ya wakati.

Nilimkimbilia mwalimu na boksi la viatu lenye kila kitu: orodha zangu, zako, barua ndani ya bahasha zake kama zilivyofika. Aliisoma ile ya 19 Machi, kisha akazigeuza bahasha zako moja moja. Nadhani alielemewa. Ameomba kubaki na boksi.

Ukiniona siku hizi hutanijua. Juzi nimeifungua saa ya mkononi ya mwanamke, ile ndogo kama kifungo cha shati, nikaimaliza mwenyewe. Miaka mingi saa za namna hiyo nilikuwa nampelekea fundi wa mtaa wa pili.

Kaka yako,
Fundi

---

2 Mei

Kwako Bibi Mkunga,

Hatujuani. Mimi ni mwalimu wa fizikia, na kaka yako amenikabidhi barua zenu ili nizipitie kabla ya mkutano wetu wa Juni. Naomba radhi kwa kukuandikia bila yeye kujua.

Barua yako yenye tarehe 28 Februari imegongwa muhuri wa posta yenu tarehe 6 Machi. Yenye tarehe 31 Machi imegongwa 7 Aprili. Kwa hesabu yangu, kila mara ilipelekwa posta siku moja au mbili baada ya barua ya kaka yako kukufikia. Nisingejali sana, posta zetu sote tunazijua. Kinachonisumbua ni tarehe 19 Machi. Saa ya kaka yako ilichelewa kwa sababu aliihamisha kwa mikono yake. Hakuna nadharia, hata ikiwa nzuri namna gani, inayoweza kuifanya saa ya nyumbani kwako ichelewe kwa ajili ya bati la nyumbani kwake.

Yeye hajaliona hilo. Anaona muujiza. Sijamwambia, kwa sababu nadhani ni haki yake kuambiwa na wewe.

Nimesoma pia daftari zake za miaka kumi na moja. Ni mtu anayeandika namba asiyoipenda kwa mwandiko uleule anaoandikia ile anayoipenda. Wapo wachache. Nakuomba usichelewe.

Wako katika heshima,
Mwalimu wa Fizikia

---

9 Mei

Kaka yangu,

Shikamoo. Barua hii ingekuja mapema kama ningekuwa na moyo wa mtu mzima.

Namba nilizokuletea si za saa yangu. Februari nilisoma kweli, siku zote kumi na saba. Barua yako ilipofika nikavunja sheria, nikaifungua kabla sijapeleka yangu. Hazikulingana hata kidogo. Nikakuona umekaa kwenye benchi na karatasi zote mbili na ile rula. Nikaichana orodha yangu, nikaandika nyingine kwa kutazama yako, nikabadilisha namba mbili, juu nikaandika tarehe ya nyuma. Machi sikujisumbua hata kusoma. Saa moja asubuhi huwa nimeshika mtoto wa mtu. Nilinakili mpaka siku ile ya mvua bila kufikiri, nikapunguza moja ili isifanane sana.

Nilitaka ufurahi, hilo tu. Mwalimu wako ndiye aliyeona kwenye mihuri, na ameniandikia kwa adabu kuliko nilivyostahili.

Nisamehe.
Chiriku

---

17 Mei

Chiriku,

Nimekaa na barua yako siku tatu. Siku ya kwanza nilikutukana kwa sauti, peke yangu, mpaka jirani akachungulia. Ulinidanganya mimi, tena kwa tarehe na saini. Nilikuandikia kwamba nimelia na wewe ukaisoma, kisha ukakaa chini ukanakili mwezi mwingine. Uliniacha nimwendee mtu msomi na habari za bati linalotetemeshwa na wakati.

Siku ya pili nilikwenda kwa fundi wa mtaa wa pili na saa tatu za wanawake. Aliniuliza mbona nimerudi. Nikamwambia macho yanasumbua.

Siku ya tatu nilikuonea huruma, na hapo nikapata akili. Umefanya ujinga kwa sababu uliniona mnyonge, na kweli mimi ni mnyonge. Lakini nadharia haikutegemea namba za mwaka huu. Zipo daftari sita za kwanza, za wewe na baba. Hapo hakukuwa na barua wala posta, kulikuwa na mtoto wa kike wa miaka kumi na moja asiyejua hata nadharia ni nini. Nani atamtilia shaka? Nimezungumza na mwalimu. Amesita, lakini amekubali nizitumie, mradi wewe uthibitishe kwa maandishi kwamba namba za chumba cha nyuma zilikuwa zako.

Mistari miwili tu, Chiriku. Ukiniandikia hiyo nitayafuta yote ya mwaka huu na sitayataja tena mpaka nife.

Kaka yako,
Fundi

---

22 Mei

Mimi, mkunga, mdogo wake fundi saa, nathibitisha kwamba namba zote za chumba cha nyuma zilizomo katika daftari sita za kwanza niliziandika mimi mwenyewe, kwa mkono wangu, kila siku.

Kaka, shemeji yako anakusalimu. Nina haraka, zamu yangu inaanza.

Chiriku

---

30 Mei

Kaka yangu,

Usisimame mbele ya watu na daftari zile. Nakuomba kabla sijasema kwa nini.

Mama alikuwa na miezi mitano tu kaburini. Wewe ulikuwa shule ya bweni, hukuiona nyumba ilivyokuwa. Baba alikuwa anatengeneza saa za watu na kuzirudisha bila kusema neno, na mimi napika, nafua, nakwenda shule. Kisha akapata wazo la kulinganisha zile saa mbili ajue ipi inakimbia. Akanipa daftari, akanionyesha, akasema redio ikilia nitazame. Kaka, saa moja asubuhi mtoto wa shule anatafuta soksi. Siku ya kwanza tu mlio ulinipita nikiwa chini ya kitanda. Nilipompelekea chai dukani, daftari lake lilikuwa wazi: imetangulia tatu. Nikarudi chumba cha nyuma nikaandika tatu.

Jioni akalinganisha. Alinyanyuka, akanibeba begani, akanizungusha duka zima mpaka nikagonga kichwa kwenye taa. Alicheka. Tangu mama afe sikuwa nimesikia sauti hiyo. Kesho yake nilifanya tena. Wiki iliyofuata nikajifunza kukosea sekunde moja hapa na pale isije ikaonekana. Hivyo kwa miaka sita. Nadharia haikuwepo kabla ya soksi zangu. Ilikuja baadaye, kwa sababu fundi mzuri kama baba aliona saa mbili zikifanya jambo lisilowezekana, akatafuta maelezo usiku na mchana mpaka akayapata. Mimi ndiye niliyempa wakati unaotetema.

Ulipoitwa nyumbani nilijua hazitalingana. Nilikaa hosteli nikijiambia baba atachoka mwezi wa kwanza, ataachana nayo. Ukaniandikia kwamba amesema mkono wako hauna utulivu. Nilianza barua siku hiyohiyo. Sikuimaliza. Mwaka wa pili ikawa ngumu zaidi, na wa tano haikusemeka tena, maana ningekuwa namuua yeye na wewe kwa pamoja. Alipofariki nikasema basi, imekwisha. Ndipo ukaja na mwalimu wako. Nikadhani nikikupa miezi michache ya namba zinazolingana nitakuwa nimekurudishia nilichokuchukulia.

Hukuwa na kosa, kaka. Hazikulingana kwa sababu hazilingani. Mkono wako ndio pekee uliowahi kuzisoma saa zile kweli, na nililijua hilo miaka yote uliyoambiwa kinyume chake.

Ile karatasi ya uthibitisho kila neno lake ni kweli. Nilikaa saa nzima nikiyapanga ili yawe kweli. Nadhani hilo ndilo baya kuliko yote.

Mdogo wako,
Chiriku

---

16 Juni

Chiriku,

Barua yako imefika tarehe 13. Juu umeandika 30 Mei. Muhuri unasema 8 Juni. Siku hizi nasoma mihuri kwanza. Kwa hiyo uliniomba nisisimame mbele ya watu, ukaiweka barua kwenye mkoba mpaka nikasimama, nikamaliza, nikakaa. Hata kuungama umeungama kwa tarehe ya uongo.

Nikueleze basi ilivyokuwa, maana hukuuliza. Walikuja walimu arobaini hivi. Nilivaa koti la baba. Nilieleza mawimbi mawili, nikachora ubaoni, nikasoma daftari zako ukurasa kwa ukurasa na uthibitisho wako. Walisikiliza vizuri sana. Halafu mama mmoja wa makamo, mwalimu wa hisabati, akanyanyua mkono. Aliuliza mbona miaka sita namba zinalingana na miaka kumi na moja inayofuata hazilingani, saa ni zilezile. Nilikuwa nimelitegemea swali hilo. Nikamjibu kwamba miaka hiyo msomaji nilikuwa mimi, na mimi sina mkono. Walicheka, si kwa ubaya. Nikacheka nao. Mwalimu wa fizikia peke yake hakucheka, alikuwa anaangalia meza.

Niliposoma barua yako nilishusha saa ya dukani na kuifungua. Baba alikataza isifunguliwe kamwe, mtetemo usije ukaharibika. Gurudumu la tatu lina jino lililolika. Hilo ndilo wimbi la siku tatu. La siku tano sijalitafuta. Mwanafunzi wa mwaka wa kwanza angeliona jino lile, na baba alikuwa fundi kuliko mimi. Hakulitafuta kwa sababu ya ile ya chumba cha nyuma. Saa mbili haziwezi kulika jino moja siku moja, kwa hiyo hakuwa na haja ya kutazama.

Nilikuwa na miaka ishirini na sita, Chiriku. Nilikuwa napima mipaka ya mashamba, na watu waliokuwa tayari kukatana mapanga walikuwa wanakubali kigingi nilichokichomeka mimi. Niliacha hayo nikaja kukaa chumba cha nyuma, kila asubuhi nimezuia pumzi redio ikikaribia kulia, nikiandika namba ya kweli na kuipeleka kwa baba, naye anaitazama, kisha ananitazama mimi. Mara elfu nne hivi. Nilijaribu kulala mapema. Niliacha kahawa. Nilikwenda kupimwa macho mara tatu.

Unasema ulitaka acheke. Naamini. Ulikuwa mtoto, na kwa mtoto yule sina neno. Lakini ulikua, ukapata cheo, ukawa mtu wa kuaminiwa na wazazi wa watu. Kila sikukuu ulikuja ukala mezani kwetu, ukamsikia baba akisema Chiriku alikuwa na mkono, huyu kaka yake hapana. Uliniongezea mchuzi.

Mwalimu nimemwandikia yote. Nimemwambia uthibitisho ulikuwa wako na ujinga ulikuwa wangu. Ameniomba daftari za miaka kumi na moja azionyeshe wanafunzi wake, kwa faida gani sijui. Nimempa.

Usiniandikie kwa sasa. Nikiweza nitakuandikia mimi.

Kuna jambo moja nimelikumbuka na silali. Wiki ya mwisho ya baba, saa ya chumba cha nyuma ilikuwa inahitaji kutiwa ufunguo. Niliushika. Akasema kutoka kitandani niuweke chini, aitwe Chiriku. Nikakupigia simu ya upepo, ile ya redio ya hospitali yenu. Saa ilisimama siku mbili ikikusubiri, na mimi nimekaa nayo chumba kimoja. Ukaja na vumbi la safari, ukautwaa ufunguo mezani, ukaitia, ikaanza kwenda. Baba akafumba macho, akasema huo ndio mkono. Wewe ukageuka ukanitazama muda mrefu sana, ufunguo ukiwa bado mkononi. Miaka minne nimekuwa nikikushukuru moyoni kwa kunitazama vile, nikidhani unanionea huruma.

Ulikuwa unaangalia kama najua.

Fundi saa